Ngoma Iliyojibu Kabla ya Siku ya Jamhuri

Kila siku baada ya shule Dedei aliteka maji, akamsaidia bibi yake kufunga kenkey, madonge ya unga uliochachuka, kwenye maganda ya mahindi, ndipo akaruhusiwa kutoka. Lakini majuma yale hapakuwa na mchezo wa maana. Mahindi ya sikukuu ya wenyeji yalikuwa yamepandwa, na hadi yatakapochipua mji mzima ulikatazwa kelele. Ngoma zote zilifungiwa nyumbani kwa Ataa Borketey, mzee mtunza ngoma, kila moja uso wake umegeuzwa ukutani. Hata waliofiwa walilia wamejiziba midomo. Ukipita sokoni mchana ungedhani watu wamehama.

Mwaka ulikuwa 1960, na mwalimu wao, Bwana Kpodo, alikuwa ameuandika ubaoni wauhifadhi: Machi sita, uhuru wa Ghana umetimiza miaka mitatu; Aprili, wakubwa wamepiga kura kuamua kama nchi iwe jamhuri; Julai mosi, Jamhuri yenyewe, mapumziko na gwaride. Dedei ndiye aliyechaguliwa kupiga ngoma kubwa ya shule. Kwa sababu ya marufuku walifanya mazoezi kwa kupigapiga mapaja taratibu tu, na pale mdundo unapobadilika mikono yake ilimsaliti kila mara.

“Siku hiyo utatuaibisha mbele ya Accra nzima,” Ashitei, mpigaji wa akiba, alimwambia.

Maneno hayo yalimkaa rohoni. Kesho yake alibeba ndoo kuukuu hadi kwenye ghala bovu la samaki, kando ya ziwa la maji chumvi, mahali ambapo aliamini hasikiki. Akaigeuza ndoo, akapiga. Pale pagumu akakosea, akaacha.

Kutoka ng'ambo ya ziwa, ngoma ikamjibu.

Nywele zilimsimama. Alijiambia ni mwangwi. Akarudia, akakosea palepale. Jibu likaja tena, polepole, kama mtu anayemfundisha mtoto mzito wa kuelewa, ila lenyewe halikukosea. Maji yalikuwa yametulia tuli. Ng'ambo ile hapakuwa na nyumba, ni mikoko na makaburi ya zamani. Dedei alichukua ndoo yake akatimua mbio.

Lakini alirudi. Aliogopa, tena sana, ila hamu ya kuuweza ule mdundo ilimzidi nguvu. Mwishowe akaupiga wote bila kosa. Ng'ambo pakawa kimya, kisha likasikika pigo moja tu, na safari hii halikutoka mbali. Dedei akakimbia, akaiacha ndoo palepale.

Jioni alimuuliza bibi, kama mtu asiye na neno, kwa nini watu wanyamaze hivyo. Bibi aliacha kufunga. “Aliyelala ukimwamsha, atakuja kutazama ni nani aliyemwamsha,” alisema, akaendelea na kazi yake.

Siku iliyofuata Dedei hakuthubutu kwenda ghalani. Aliyekwenda ni Ashitei, kwa kuwa alikuwa amesikia milio kwa mbali akataka kujua ni nani. Walinzi waliotumwa na wazee wa mji wakamkuta amesimama karibu na ndoo. Alikana, lakini nani angemwamini? Wazee wakakata shauri mbele ya watu kwamba kondoo wa mama yake achukuliwe, na Ashitei asionekane kwenye gwaride.

Dedei alikuwa katikati ya watu. Akinyamaza, ngoma ya Julai mosi ni yake. Kisha akamwona mama yake Ashitei akifungua kamba ya kondoo, huyo mmoja tu aliyekuwa naye, huku machozi yakimtoka bila sauti, maana hata kulia alikatazwa.

“Ni mimi,” Dedei alisema. “Ashitei hana kosa. Nilipiga mimi.”

Ataa Borketey alimsogelea. “Ulijibiwa?”

Dedei aliitikia kwa kichwa. Mzee akashika ufunguo uliokuwa umening'inia shingoni mwake. “Kila asubuhi siku hizi,” alisema taratibu, “naikuta ngoma moja imegeuka. Inatazama mlangoni.”

Bwana Kpodo alisema huo ni mwangwi na panya. Hakuna aliyebishana naye, na hakuna aliyecheka.

Kondoo wa bibi yake Dedei ndiye aliyechukuliwa, na nafasi ya Dedei akapewa Ashitei. Dedei alilia usiku huo kwa uchungu, amejiziba mdomo. Asubuhi alimfuata Ashitei, akamshika mikono, akamfundisha ule mdundo kimyakimya juu ya mapaja, mpaka akauweza.

Mahindi yakachipua, marufuku ikaondolewa. Julai mosi bendera zilijaa barabarani, na Ashitei akapiga pale pagumu bila kosa. Dedei, akiwa kwenye safu ya waimbaji, alishangilia hadi sauti ikamkauka.

Baada ya gwaride Ataa Borketey alimwita. “Ukimya wa mji ni wa wote,” alimwambia. “Ukiuvunja, kosa ni lako, usimwachie mwenzako alibebe. Ungenyamaza siku ile, leo ungepiga wewe.”

“Najua, Ataa.”

“Tangu uliposema kweli, ngoma ile haijageuka tena.” Mzee akatazama upande wa ziwa. “Ungenyamaza, mwanangu, sijui leo ungepiga na nani.”