Hatua za Sellah

Jerusa alikuwa amesimama tu. Wenzake waliruka kwenye uwanja wa mizani wa shamba la chai, gambuti zikipiga matope, spika ikinguruma, na Bwana Kipngeno, ofisa wa afya, akipiga makofi. "Mikono juu! Chuchumaa!" Jerusa alibaki kando akifunga aproni yake ya plastiki. Lakini ile bangili nyeusi ya kuhesabu hatua ilikuwa inahesabu mkononi mwake. Mia nne na kumi. Mia nne na kumi na moja. Na yeye hakuwa ameinua mguu.

Ndipo akasikia harufu ya dawa ya kifua. Ile ile aliyokuwa akijipaka rafiki yake Sellah, na Sellah walikuwa wamemzika kwao Nyamira wiki tatu zilizopita.

Mazoezi yalianza baada ya Krismasi. Kampuni ilisema inawapenda. Watu wanaopanda na kushuka vilima kutwa nzima na kikapu mgongoni wakafundishwa kuchuchumaa, kisha kila mmoja akavishwa bangili yenye jina lake. Anayetimiza hatua elfu kumi ni mzima. Asiyetimiza ataitwa ofisini. Na mashine za kuchuma zilikuwa zimeshafika shamba la pili, kwa hiyo hakuna aliyeuliza wanaoitwa huambiwa nini.

Sellah alipoanza kukohoa na kutetemeka, Jerusa alifanya walivyofanya wachumaji siku zote. Mwenzako akiugua, unachuma vikapu viwili, kimoja unakipima kwa namba yake. Basi akavaa bangili mbili, yake kushoto, ya Sellah kulia.

Siku ya nne Sellah alijikokota hadi dispensari. Daktari akaangalia kompyuta, wala hakumwangalia yeye. "Jana umetembea hatua elfu kumi na nane, mama. Huo ni ugonjwa gani?" Akampa vidonge viwili.

"Dadangu," Sellah alimwambia Jerusa jioni hiyo, "enda uwaambie ni wewe."

Jerusa alienda. Alimwambia Kipngeno kila kitu. Kipngeno akatabasamu.

"Laini yenu ya nyumba ndiyo inaongoza kwa hatua, Mama Vinny. Ukisema hivyo mtafutwa kazi wote wawili. Wacha tu hiyo kitu mkononi."

Akaiacha. Siku ya sita, saa nne asubuhi, bangili ya mkono wa kulia ikatetemeka na kumwandikia hongera. Saa nne hiyo hiyo, chumbani kwake, Sellah alikuwa anakata roho peke yake.

Sasa alikuwa amerudi. Kwenye ukungu, katikati ya majani chai, aproni ilikwaruza nyuma ya Jerusa: chwa, chwa, chwa. Akisimama, haikusimama.

"Bonareri," alinong'ona kwa mwenzake wa mstari wa pili, jirani yake wa ukuta mmoja, aliyemwona kila asubuhi akivaa bangili mbili. "Unasikia harufu?"

"Harufu gani?"

"Ya Sellah. Ananifuata."

"Ai, Mama Vinny! Majini ni ya Mombasa. Huku baridi itawaua."

Jerusa alirudi kuchuma, lakini aproni ile sasa ilikuwa karibu, karibu kuliko kikapu mgongoni mwake, na kila alipochuma majani mawili na chipukizi alisikia mkono mwingine ukichuma kando ya wake, na kikohozi kile kikavu kikimpanda shingoni, kikimhimiza mbele, mbele, hata akajikuta anatembea mistari ambayo hakupangiwa, na bangili ikipanda elfu baada ya elfu, na miguu ikikataa kutii.

Nyamusi, mama wa maombi, alimwekea mikono kichwani na kuomba hadi sauti ikakauka. Baada ya amina, chwa, chwa, mlangoni.

"Huyu sitamfukuza," Nyamusi alisema polepole. "Anataka kusemewa. Na nani amemsemea?"

Ijumaa ikawa siku ya zawadi. Mgeni kutoka makao makuu, mama mmoja mwenye viatu vyeupe, akasoma karatasi. "Mshindi wetu wa mwezi uliopita… Sellah!"

Kipngeno akanyakua maikrofoni. "Marehemu alikuwa mfano wa afya njema. Mama Vinny, mpokelee rafiki yako."

Zawadi ilikuwa mizani ya kupimia mwili. Jerusa alipanda jukwaani, chwa, chwa, chwa nyuma yake, akaacha mizani mezani, akasema:

"Hizo hatua ni zangu. Sellah alikuwa kitandani. Nilimwambia huyu, akaniambia ninyamaze. Nikanyamaza."

Kipngeno alicheka kwa upole. "Huzuni hiyo, jamani. Bonareri, wewe ni jirani. Ni kweli?"

Jerusa alimtafuta kwa macho. Walikuwa wamekula sufuria moja, wamebebeana watoto, wamelia pamoja kaburini.

Bonareri alitazama gambuti zake. "Mimi sijui hiyo maneno."

Kitu kikaachia mgongo wa Jerusa. Ulikuwa wepesi wa kutisha, kama kikapu kukatika kamba. Bangili yake ikasoma sifuri. Mkononi mwa Kipngeno bangili yake mwenyewe ikatetemeka, akaipigapiga, haikunyamaza. Kisha aproni ikakwaruza kushuka ngazi za jukwaa, polepole, ikipita katikati ya wanawake walioketi, ambao mmoja baada ya mwingine walivuta miguu kuipisha bila kujua wanampisha nani, hadi safu ya tatu, alipoketi Bonareri.

Ikanyamaza hapo.

Bonareri aliinua uso uliosawijika kwa hofu.

"Mama Vinny," aliita, "nani amejipaka dawa ya kifua?"

Jerusa alivua bangili yake, akaiacha juu ya mizani.