Swali la Sitini na Tatu

— Umenishtaki? Mimi, Sulekha? Mimi!

Kaushal aliibwaga bahasha ya mahakama juu ya benchi la muuza chai. Wanafunzi wa tuisheni waliojazana pale wakageuza shingo. Jiji zima la Patna lilikuwa likisomea mitihani ya kazi za serikali, na kila mtu alitaka kusikia.

— Nimeishtaki bodi ya mitihani, — Sulekha akajibu, akipuliza chai yake. — Jaji ndiye aliyeagiza waliofaulu wote wajulishwe.

— Na mimi ndiye wa mwisho kwenye orodha! Ukishinda, anatoka nani?

— Swali la sitini na tatu, Kaushal. Mto upi unaingia mto Ganga kutoka kusini? Bodi inasema Kosi. Kosi! Mto uliosomba nyumba yetu mara mbili, mama kanishika nywele juu ya paa nisiende na maji. Unatoka kaskazini, hata mtoto wa kwetu anajua. Nilijibu mto Son, wakaninyima alama, nikakosa kazi kwa alama hiyo hiyo moja. Ninyamaze?

— Kwa ajili yetu, ndiyo. Baba alishaanza kulainika kuhusu ndoa yetu. Utarudia mwakani.

— Mwakani umri utakuwa umenipita. Na unajua.

Alijua. Miaka minne walisoma pamoja kwa kitabu kimoja, wakipokezana kurasa. Kaushal akaokota bahasha yake, akaondoka bila kuaga.

Wiki hiyo simu ya Sulekha ikatetemeka, ujumbe wa Kaushal: “Futa kesi. Familia moja ya mji wa Gaya imeleta posa ya binti yao, na gari la mahari juu yake. Baba anataka kupokea.”

Sulekha akajibu: “Mwambie apokee na matarumbeta yapigwe.”

Kisha akajifunika shuka uso mzima. Mama yake akapiga simu kutoka kijijini.

— Mwanangu, mwanaume mwenye kazi ya serikali haokotwi njiani.

— Mama, hata mimi nina kazi ya serikali. Imekaliwa tu.

Siku mbili kabla ya kesi, wakili wake, Bi Nuzhat, akamsogezea karatasi.

— Waliofaulu wamesaini kiapo cha kukupinga. Soma sahihi ya tatu.

Ilikuwa ya Kaushal. Sulekha aliitazama mpaka herufi zikaogelea machoni.

— Tujitoe? — wakili akauliza taratibu.

— Nani ajitoe? Tunaingia saa ngapi?

Mahakamani, wakili wa bodi aliongea huku akitabasamu.

— Mheshimiwa, wataalamu walishaamua. Huyu binti amefeli, anatafuta wa kumlaumu.

Jaji akavua miwani.

— Yupo humu aliyejibu Kosi akapewa alama?

Benchi la nyuma likalia. Kaushal alikuwa amesimama, na baba yake, Mzee Awadhesh, anamvuta shati akae.

— Mimi, Mheshimiwa.

— Uliamini hilo ndilo jibu?

— Hapana. Nilitaka kujaza Son, nikaweka wino kwenye duara lisilo lenyewe. Matokeo yalipotoka nikakuta kosa langu limepewa alama. Sikumwambia mtu.

— Na kiapo ulichosaini?

— Nakiondoa.

— Umejimaliza, mjinga wee! — Mzee Awadhesh akanong'ona, chumba kizima kikasikia.

Kwenye ngazi za nje, Kaushal alimkimbilia Sulekha.

— Nisamehe.

— Siku ile kwenye chai ulikuwa unajua?

— Nilikuwa najua.

— Na ukaniambia ninyamaze.

— Nilikuambia.

— Basi usidhani dakika mbili za ukweli zimefuta sahihi yako. Nipishe.

Jaji akaamuru karatasi zote zisahihishwe upya. Orodha mpya ikatoka: Sulekha ndani, Kaushal nje. Watu wa Gaya wakachukua posa yao na gari lao. Kwa Sulekha nako, majirani waliomwita mwanamke wa kesi wakaanza kuleta peremende na wajomba wenye vijana wa kuoa. Kaushal pekee ndiye hakuja. Alituma ujumbe mmoja tu: “Hongera, afisa. Sina ninachoomba.” Akarudi kwenye vitabu.

Miezi sita Sulekha alikuwa na hasira naye. Wa saba akagundua kwamba hasira imekwisha na kilichobaki ni kumkumbuka. Jumapili moja akamchukua mama yake, wakabisha kwa Mzee Awadhesh.

— Mmekuja kunicheka? — mzee akauliza.

— Nimekuja kumposa Kaushal, baba. Nasikia siku hizi mlangoni kwenu hakuna foleni.

— Binti hajiposei mwenyewe!

— Huyu anajiposea.

— Kijana hana kazi!

— Kazi ninayo mimi. Siji na gari, siji na friji. Nakuja na mama yangu, tutakaa naye.

Mzee akageuka kumtazama mwanawe. Kaushal alikuwa kasimama mlangoni, kitabu mkononi, macho yamemjaa maji.

— Na wewe, — Sulekha akamgeukia, — ukinificha jambo tena, tutaonana mahakamani. Unakubali au hukubali?

— Nakubali.

— Sema kwa sauti, baba asikie.

— Nakubali!

Mama yake Sulekha akashusha mtandio kichwani, akamwuliza mzee jiko liko upande gani, kwa sababu chai ya posa hainywewi baridi.