Kadi Tatu za Kisigino

Ka, ka, ka. Kijiko kiligonga beseni la bati, na huko mlimani Madale majogoo walikuwa hawajawika. Mama Margareta alikuwa anakoroga chumvi kwenye maji ya uvuguvugu, taratibu, akidhani mwanawe bado amelala.

"Mama, unajisumbua. Ni lengelenge tu," Benedikto alisema kutoka kitandani.

"Limepasuka. Tia mguu humu, usinijibu."

Buti mpya za mpira ndizo zilizomchuna kisigino cha kulia. Alikuwa kibarua katika kiwanda cha kufungasha kuku upande wa Tegeta, na zilikuwa zimembakia wiki mbili amalize majaribio apewe mkataba wa kudumu. Jana yake mwenzake Mashaka alimwona anachechemea, akavua soksi zake nene akampa. Mashaka mwenyewe alimaliza zamu bila soksi. Mambo kama hayo watu huyasahau upesi, na si vizuri.

Asubuhi hiyo Beni alikwenda kwenye kituo cha afya cha Goba, ambako kiwanda kilipeleka wafanyakazi wake. Ilikuwa siku ya kliniki ya watoto. Mabenchi yamejaa, vichanga vinalia kwa zamu. Beni alivaa shati la drafti lililopigwa pasi vizuri, kiatu mguu wa kushoto, kandambili mguu wa kulia. Mjamzito alipoingia, akamwachia nafasi yake, akasimama kwa mguu mmoja karibu saa nzima.

Nyuma ya dirisha la kumbukumbu, Tekla aliliona hilo. Alikuwa binti wa Mbweni, amesuka nywele ndogondogo, gauni la kitenge cha njano likichungulia chini ya koti jeupe. Kazi yake ilikuwa kusoma alichoandika daktari na kukiingiza kwenye kompyuta kwa namba, maana kila ugonjwa una namba yake.

"Kaka korongo, umeshachoka?" alimwuliza Beni alipofika dirishani.

"Korongo ana miguu miwili mizima, dada. Mie nina mmoja na nusu."

Tekla akacheka. Akasoma cheti cha Dokta Elibariki: mchubuko wa kisigino, asafishwe, aende. Namba yake S90, jeraha la juu ya ngozi. Ukiiandika hiyo, kompyuta hufunga faili na mgonjwa harudi. S91 ni jeraha la wazi la mguu. Ukiiandika hiyo, mashine hutoa kadi tatu za kurudi kufungwa kidonda.

Akainua macho. Beni alikuwa anamwokotea mjamzito yule leso yake.

Tekla akaandika S91.

"Urudi Alhamisi," alisema, akimpa kadi. "Na Jumamosi. Na Jumanne."

"Kwa kamchubuko haka?"

"Kompyuta ndiyo imesema."

Alhamisi alirudi na machungwa mawili. Jumamosi akarudi na stori za kiwandani. Jumanne, nesi alipofungua bandeji, ngozi ilikuwa imefunga kabisa.

"Teki, hiki kisigino kimepona zamani," Beni alinong'ona dirishani. "Hii kompyuta yenu inanipenda?"

"Inakuonea huruma."

"Basi iambie inipe namba ya simu."

Akapewa. Wakawa wanapigiana simu kila jioni, Beni akitoka kazini.

"Umekula, mama?"

"Nimekula. Na wewe unanuka kuku hadi huku kwenye simu."

"Zoea. Nikisaini mkataba Jumatatu, Mama anakuja kwenu Mbweni kubisha hodi. Atavaa kile kitenge chake cha Pasaka."

 Tekla alikumbatia simu kifuani kama mtoto aliyepewa nguo mpya.

Jumatatu simu ililia mchana.

"Wamenifukuza, Teki."

"Nani? Kwa nini?"

"Wanasema niliingia ukumbi wa nyama na jeraha la wazi siku kumi na nne, nikaficha. Mwenye jeraha haruhusiwi kugusa kuku. Jeraha gani? Nimevua kiatu nikawaonyesha, wanasema sasa limepona. Wameniita mwongo mbele ya wenzangu."

Tekla alikaa chini polepole. Kila mwisho wa mwezi kituo kilituma kiwandani orodha ya waliotibiwa na namba zao. Aliituma mwenyewe. Alidhani ni karatasi za kujaza kabati tu.

"Ni Mashaka," Beni aliendelea. "Yeye tu ndiye aliyeuona mguu wangu. Nimemtukana getini, hakujibu neno. Teki? Mbona kimya?"

"Nipo," alisema Tekla. "Pole, mpenzi."

Hapo ndipo angesema. Hakusema. Jumanne hakusema, wala Jumatano. Kila Beni alipopiga, Tekla alimbembeleza, na kila alipokata simu alilia.

Alhamisi akaenda kwa Dokta Elibariki akakiri. Dokta hakufoka. Alimsogezea kiti, akaandika barua ya kusahihisha, akamwambia kwa upole kwamba kuanzia wiki ijayo atakaa mapokezi, namba hatazigusa tena. Tekla aliipeleka barua kiwandani mwenyewe.

Ofisa aliisoma mara mbili. "Tuamini karatasi ipi, dada? Ya kwanza au ya pili?" Kisha akashusha sauti. "Ungeileta juzi ningejaribu. Jana tumeshamchukua mwingine."

Kutoka pale Tekla alipanda mlima wa Madale hadi kwa Mama Margareta. Yule mama alipomwona jasho linamtoka, alimpa maji kabla hajauliza shida yake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kaa, mwanangu."

Beni alitoka ndani. Tekla akasema yote amesimama, kadi tatu, namba, orodha. Hakujitetea.

Beni alikitazama kisigino chake.

"Ulitaka nirudi," alisema.

"Nilitaka urudi."

"Ungeniambia 'Beni, rudi.' Ningerudi hata kwa magoti." Alijipangusa uso kwa kiganja. "Namba ningekusamehe, Teki. Ni ujinga wa mapenzi, hata mie nina wangu. Lakini Jumatatu ulinisikia namlaani Mashaka, ukaniambia pole. Siku tatu. Soksi zake bado ninazo humu ndani."

"Beni..."

"Nenda nyumbani."

Mama Margareta ndiye aliyemsindikiza hadi barabarani, akamshika mkono penye mteremko.

Wiki mbili baadaye Beni alitokea kituoni asubuhi, begi begani, viatu vyote viwili miguuni. Tekla alikuwa mapokezi, anagawa vikadi vya foleni.

"Naenda Masasi," alisema. "Kwa mjomba Stephano. Ana kazi ya kuchonga, atanifundisha."

"Mashaka?"

"Nilimpelekea soksi zake. Zimefuliwa. Alizipokea, akaniambia nenda salama. Hakunikaribisha ndani." Akatoa kadi tatu mfukoni, kila moja na mhuri alioupiga Tekla, akaziweka juu ya meza. "Hizi ni zako. Nilikuwa nimezitunza."

"Utarudi lini?"

"Sijui, Teki."

Nyuma yake bibi mmoja alikuwa anahangaika kupanda ngazi. Beni aligeuka, akampa mkono, akampandisha hadi kwenye benchi, kisha akaanza kwenda getini. Hakuchechemea hata kidogo.

Tekla aliacha vikadi vya foleni vianguke, akakimbia hadi kibarazani.

"Beni!"

Akasimama, ila hakugeuka.

"Ukirudi Dar, njoo unione tena. Njoo tu. Hata kama huumwi popote."