Sura ya Damu

— Finya hapa, njo unapiga teke. Finya, Jémima!

— Leka kunisukuma! Nipigwe mu ordinateur, nipigwe na weye pia?

Elisée akacheka. Mchezo ule wa mieleka ulikuwa wa zamani, wa mashine za kuchomeka kwenye televisheni. Aliuhamishia kwenye kompyuta yake pale mtaa wa Dilala, akajifunza peke yake kufuta sura za Wazungu na kubandika za watu wa mtaani. Leo mwanamieleka aliyesimama ulingoni alikuwa na pua ya Jémima, na mashavu yake.

— Njo weye ule. Ni cadeau, zawadi yako, mbele ba noko bangu bakuje kwenu samedi.

— Ulinifanya lini?

— Wakati ulikuwa ku Mutshatsha, kulinda mama yako mugonjwa. Nilikukumbuka sana.

Jémima akamwegemea begani. Jumamosi wajomba wa Elisée wangekuja kumposa; mama yake alikuwa ameshapona na kununua kitambaa cha siku hiyo.

Mpinzani, jitu lenye sura ya Kabemba wa taxi-moto, akamtandika kwa kiti kichwani. Damu ikamchuruzika mwanamieleka wa Jémima kwenye paji la uso, na papo hapo uso wake ukabadilika. Macho yakawa madogo. Pengo likatokea katika meno ya juu.

Elisée akanyoosha mkono azime. Jémima akaushika.

— Leka. Ule ni nani?

— Ni bug tu, kosa ya programu.

— Bug iko na pengo ya Gloire, ule binti jirani yako?

Elisée alizoea kueleza kazi yake. Akaeleza hata hili.

— Kila mutu iko na sura mbili mu jeu. Ya kawaida, na ya damu. Nilibadilisha ya kwanza. Ya pili... nilisahau.

— Basi yeye njo alitangulia. Mi ulinibandika tu juu yake.

— Ilishaisha, Jémima. Ya Mungu!

— Ilianza lini?

Elisée akatazama vidole vyake.

— Wakati ulikuwa ku Mutshatsha.

Jémima akachukua simu, akamwandikia baba yake: "Tata, uambie ba noko ba Elisée basikuje samedi."

Jibu likaja upesi: "Mwana, alikufanya nini?"

Akaitia simu mfukoni. Akavaa viatu.

— Ngoja, nitatengeneza! Kidogo tu!

Elisée alikuwa akilia, kilio cha kweli. Lakini mkono wake ulishafungua picha, ukitafuta moja ya Jémima ambayo angeweza kuipaka damu.