Mwalimu Alinipima kwa Pacha Wangu

Mimi ni mwanamke wa miaka ishirini na saba, naishi Ujiji. Nilizaliwa pacha. Mwenzangu ni Bukuru, mimi ni Butoyi, kama sisi Waha tunavyowaita mapacha. Hatukufanana hata sura... lakini nani alijali?

Kabla ya kuanza shule niliugua homa kali, nikapona. Hakuna aliyejua ilichoniachia.

Darasani tulijaa kupita kiasi. Bukuru alikaa mbele, mimi nyuma. Mwalimu alikuwa akiandika ubaoni huku akisema, mgongo ametugeuzia. Maneno yalinifikia vipandevipande... Nikiulizwa, nanyamaza. Fimbo!

"Mwenzako anaweza, wewe una nini?" alifoka. "Si mmetoka tumbo moja? Jeuri tu!"

Darasa lilicheka. Bukuru naye alicheka. Jamani, hicho ndicho kilichoniuma kuliko fimbo!

Nilipofeli tena darasa la nne, baba alinitoa shule. Nikamfuata mama ufukweni Kibirizi kuanika dagaa. Bukuru akasonga mbele hadi chuo.

Siku ya sherehe ya kumuaga Bukuru kabla ya ndoa yake, mgeni mmoja wa upande wa mume alininyooshea kidole akiuliza mimi ni nani. Nilikuwa mbali, lakini midomo ya pacha wangu niliielewa vizuri: "Huyo anatusaidia kazi za nyumbani."

Nilitoka nje nikalia mpaka nikaishiwa nguvu...

Baadaye mwalimu mmoja wa kike, mgeni mjini, akawa mteja wangu wa dagaa. Siku moja alinishika bega, akanitazama usoni.

"Dada, mbona nikiinama kuchagua dagaa hunijibu?"

Alinipeleka hospitali mwenyewe. Masikio yote mawili yalikuwa yameharibika, huenda tangu ile homa. Kumbe sikuwa mjinga! Nilikuwa sisikii!

Nilipomweleza mama, aliketi chini pale pale. "Mwanangu, tumekupigia nini miaka yote hii?" Baba hakuwepo kusikia. Alishafariki, akiamini amezaa zuzu...

Bukuru alikuja kuniomba radhi. Nimemsamehe kwa mdomo. Moyo bado unasumbuka. Leo navaa kifaa cha kusikia, lakini utoto wangu nitaupata wapi?

Walimu wangu, nawasihi! Mtoto akinyamaza, msogelee. Mweke mbele, aone midomo yako, muulize taratibu. Na nyinyi wazazi, msimpime mtoto kwa nduguye. Mimi nilipimwa hivyo, na hadi leo jina langu ndilo neno pekee ninaloweza kuandika bila kusaidiwa.