Supu ya Kuku Aliyelala Mezani

Kila akitoka shule, Kijino alivua sare, akaosha vyombo vya asubuhi, kisha akampelekea baba yake chai kwenye cherehani. Walimwita Kijino kwa sababu ya jino lake la mbele, lililochungulia nje hata akifunga mdomo. Baba yake alikuwa fundi nguo. Tangu wamzike mama, aliketi na mguu juu ya pedali, lakini cherehani haikulia. Chakula kilirudi jikoni kama kilivyokwenda. Kijino naye hakulia wala hakucheka. Moyo wake ulikuwa umekufa ganzi, basi akaosha vyombo tu.

Jioni moja shangazi yake alipita na kuku aliyekwisha kukatwakatwa. Alimwambia amtie kwenye friji palepale, kesho ampikie baba supu, maana anayekataa kutafuna huenda asikatae kunywa. Kijino aliitikia. Halafu akaketi kutazama ukuta mpaka usingizi ukamchukua, na kuku akalala mezani.

Alipomkuta kesho yake mchana, nyama ilikuwa inateleza na kunuka. Lo! Angemwambia nini shangazi? Akili ni nywele, kila mtu ana zake, na siku ile za Kijino zilikuwa zimenyolewa. Alimwosha kuku kwa ndimu, akambandika jikoni pamoja na tangawizi na vitunguu saumu vya kutosha sufuria tatu. Nyama ilipolainika, akatia viazi, karoti na hoho. Nyumba nzima ikanukia.

Harufu hiyo ilimtoa baba kwenye cherehani. Alikuja mwenyewe jikoni, akavuta kiti. Kijino alimpakulia bakulini.

"Niletee chumvi, mwanangu," baba alisema.

Tangu msiba hakuwa ameomba kitu, hata maji. Kijino alisimama na kopo la chumvi mkononi. Akinyamaza, baba atakula. Akisema, huenda baba akarudi kwenye kiti chake na asiombe kitu tena. Baba akachota kijiko.

"Baba, usile. Kuku alilala mezani. Alikuwa ananuka, nikaificha harufu kwa tangawizi."

Kijiko kikarudi bakulini. Baba aliuliza kama Kijino ameonja, naye akatikisa kichwa kukana. Baba aliibeba sufuria, akaifukia supu kwenye shimo la taka, akatoka. Kijino alisugua sufuria, kisu na ubao kwa sabuni na maji ya moto, akijua ameharibu kila kitu.

Baba alirudi na mapaja ya kuku mabichi. Akavua koti, akachukua kisu, wakamenya karoti bega kwa bega. Supu ilipoiva, akapakua mabakuli mawili.

"Nyama ikishaharibika, viungo haviiponyi, na moto hauondoi sumu yote," alisema. "Kusahau si dhambi, msiba umetuduwaza sote. Lakini ukikosea niambie, hata ukiniona kama sisikii. Ungenyamaza, tungekula wote wawili. Nimeshazika mmoja. Wewe nisingeweza."

Hapo ganzi ikamtoka Kijino. Alilia kwa sauti, na baba akamwacha alie, huku akimpulizia supu kijikoni ipoe.