Kachero wa Rusayl

Shariffa alikuwa anagombana kwa Kirusi. Watalii wake wawili walikuwa wamemkasirikia muuza ubani katika soko la Matrah, Maskati, muuza ubani naye kawakasirikia wao, na yeye yuko kati, abaya yake ya zambarau inanukia moshi, akizitafsiri hasira za huku na huku bila kupunguza hata neno. Watalii walipoondoka, kijana mrefu mwenye kanzu ya dishdasha nyeupe pe na kofia ya kudarizi akamsogelea.

"Samahani, dada. Hicho Kirusi unakijua kweli au unawatisha tu?"

"Nimekisomea. Kwani na wewe unataka kutukanwa?"

"Nataka filamu. Nnayo moja ya makachero wa jeshi wakati wa vita, wanawasaka majasusi waliojipenyeza kwao. Haina tafsiri. Natazama huku nakisia tu."

Ndivyo alivyojuana na Thani, msimamizi wa ghala kule Rusayl. Kila jioni Thani huiwasha filamu kwao, Shariffa huiwasha kwao Madinat Sultan Qaboos, simu sikioni, akimtafsiria. Filamu ya saa mbili iliwachukua msimu mzima wa baridi, maana Thani haishi kuisimamisha.

"Ngoja, habibti. Kapteni kasemaje hapo?"

"Kasema unyamaze."

Walicheka hivyo mpaka posa ikapelekwa, ikakubaliwa, na milka yao, siku ya kusomewa ndoa, ikapangwa Alhamisi.

Jumatatu ya wiki hiyo Thani alimwita mkahawani. Shariffa alikwenda macho yamemvimba, kwani siku chache nyuma Thani alimwambia, tena kwa kumwapia, kwamba kazini wanamhamishia Salala, kusini kabisa mwa nchi. Akamkuta ameketi anatabasamu.

"Nimekunasa," alisema Thani.

"Umeninasa nini?"

"Kuna mtu anampelekea mama mambo yangu yote. Nikafanya kama kapteni wa filamu yetu. Dada yangu Bashayer nilimwambia nahamia Sohar. Binamu yangu Humaid nikamwambia naacha kazi. Wewe nikakwambia Salala. Jana mama kanijia analia, 'Salala, mwanangu, Salala!' Basi jasusi ni wewe." Akacheka. "Usijali mpenzi, nimeshakusamehe."

Damu ilimpanda Shariffa kichwani. Kumsamehe! Amemsamehe!

"Kwa hiyo huhami?"

"Sihami popote."

"Thani, leo asubuhi nimeacha kazi."

Tabasamu likamtoka Thani usoni.

"Nilimwambia mama yangu, ndiyo. Naenda kukaa mbali naye, nisimwambie? Naye kampigia mama yako. Kampigia kumtoa hofu, kamwambia, 'Binti yangu atamfuata mumewe popote, mwanao hatokuwa peke yake.' Hayo ndiyo maneno ya jasusi wako!"

"Wallahi sikujua..."

"Umezaliwa Maskati, kwenye nyumba ya watu wa Unguja, hujui kama wakwe hupigiana simu? Mama wa bibi harusi asikie mwanawe anahamishwa, akae kimya? Sisi tunaitana kufarijiana, wewe unatega mitego! Vita gani hivyo unavyopigana, Thani? Adui yako nani?"

Watu wa meza ya pili waligeuka. Shariffa hakujali. Alichukua mkoba wake akatoka, na kahawa hakuigusa.

Simu ziliita siku nzima. Kesho yake ndipo alipopokea, na hata salamu hakuitika.

"Njoo uwaambie mama zetu wote wawili," alisema. "Kwa mdomo wako."

Thani alikuja, tumpe haki yake. Jumatano baada ya sala ya alasiri alisimama mbele ya wanawake wale wawili na sahani ya halwa iliyo baina yao, kofia mkononi, jasho linamtiririka, akaeleza yote. Mama yake alijipiga mapaja.

"Umeniliza kwa uongo, Thani! Na hiyo khabari ya jasusi ndiyo gani? Mambo yako nnayasikia mwenyewe! Ukiwa na simu unapiga makelele nyumba nzima, na ukuta wa chumba chako na changu ni mmoja."

Thani akainamisha kichwa. Mama yake Shariffa, mwanamke wa kupenda suluhu, akakohoa kidogo.

"Basi, kijana kakiri kosa. Shariffa mwanangu, kesho watu wanakuja."

Shariffa alimtazama Thani. Alikuwa bado anampenda, na hilo ndilo lililozidi kumtia hasira.

"Nna swali moja. Siku ile uliponambia unanipenda, ulikuwa unanipima?"

"La! Naapa, Shariffa, ile ilikuwa kweli tupu."

"Na Salala pia uliniapia."

Shariffa aliingia ndani, akarudi na kasha la dhahabu ya posa, akaliweka mapajani kwa mama yake Thani. Kisha akainama akambusu mkono.

"Nisamehe, mama," alisema. "Waambieni wageni wasije."